Harry Thuku na Hoteli Iliyo Kwenye Barabara Yake

Norfolk ni jina ambalo hata sisi wa Eastlands tunalijua, ijapokuwa wengi wetu hatujawahi kuonja hata chai yake. Ni hoteli ya wenye nazo. Ukitoka hapa Fedha kwa matatu mpaka mjini, kisha ufuate Moi Avenue kwa miguu na kuipita bustani ya Jeevanjee, utafika University Way. Hapo utaona kituo cha polisi cha Central. Kuna barabara inayopita kati ya kituo hicho na Chuo Kikuu cha Nairobi. Ifuate kidogo tu. Upande mmoja utaona Jumba la Taifa la Michezo ya Kuigiza, na mkabala nalo ndiyo Norfolk yenyewe. Sasa tafuta kibao cha barabara usome: Harry Thuku Road.

Nimechagua kuandika juu ya maisha ya mtu huyo mwenye kibao. Sababu yangu ni moja. Darasani, hadithi ya Thuku aghalabu huishia mwaka wa 1922, milio ya bunduki inapokoma, kana kwamba naye aliaga dunia siku hiyo. Kumbe aliishi miaka mingine 48! Na katika miaka hiyo alifanya mambo ambayo yakitajwa katika mikutano ya chama chetu cha Kiswahili huzua kelele. Kuna wanaosema alikuwa shujaa, basi. Kuna wanaosema aliwageuka wenzake. Mimi naona ni heri tuyasikie yote kwanza, tangu mwanzo.

Tuanze na hoteli kwa sababu ndiyo iliyotangulia mjini. Norfolk ilifunguliwa siku ya Krismasi, tarehe 25 Desemba 1904, na wenyewe walikuwa wazungu wawili, Ringer na Winearls. Wakati huo Nairobi haikuwa mji wa kujivunia hata kidogo. Reli kutoka Mombasa ilikuwa imefika hapa mwaka wa 1899, na hata makao makuu ya serikali yalikuwa bado yako Mombasa. Yalihamishiwa Nairobi mwaka wa 1905. Kulikuwa na matope, mabati na mahema. Katikati ya hayo yote ikatokea hoteli ya kifahari yenye veranda, ambapo bwana aliweza kukaa na glasi yake mkononi akitazama nchi aliyoiita yake. Masetla wakubwa kama Lord Delamere waliifanya kijiwe chao, hata ikapewa jina la utani la Baraza la Malodi, kama lile la Bunge la Uingereza. Mwaka wa 1909 Theodore Roosevelt, aliyekuwa ametoka tu kwenye kiti cha urais wa Marekani, alipokuja kuwinda wanyama wetu alipitia hapo. Mwafrika naye je? Mwafrika aliyeonekana humo alikuwa amebeba trei, mizigo, au maji ya kuoga ya bwana.

Siku hiyo ya Krismasi, wageni wa kwanza walipokuwa wakila na kunywa, huko Kambui, Kiambu, kulikuwa na mtoto wa takriban miaka tisa. Harry Thuku alizaliwa mwaka wa 1895 katika mbari ya Gathirimu, ukoo uliokuwa na heshima kubwa sehemu hizo. Wamishenari wa Gospel Missionary Society walikuwa wamefungua kituo hapo Kambui, naye akasoma kwao kwa miaka minne. Miaka minne tu! Leo mtu akiacha shule baada ya miaka minne tunasema hajasoma. Lakini siku hizo Mwafrika aliyejua kusoma na kuandika, tena aliyeweza kujieleza kwa Kiingereza, alikuwa kama lulu.

Kijana akashuka Nairobi kutafuta kazi, kama wafanyavyo vijana mpaka leo. Kazi moja aliyoipata ni ya kupanga herufi katika mtambo wa gazeti la Leader, gazeti la masetla. Enzi hizo hakukuwa na kompyuta. Mpangaji alichukua herufi ndogo za chuma moja moja, akazipanga mstari kwa mstari, tena kinyumenyume, ili zikigandamizwa kwenye karatasi zitoke sawasawa. Hebu fikiria, msomaji. Kijana Mwafrika anapanga kwa vidole vyake maneno ya masetla wanaodai ardhi zaidi, vibarua zaidi, kodi zaidi. Wao walidhani anapanga herufi tu. Mimi nasadiki kwamba alikuwa anasoma.

Baadaye, kufikia mwaka wa 1918, alikuwa ameajiriwa katika Hazina ya serikali hapa Nairobi kama karani wa simu. Ilikuwa kazi safi, ya kukaa ndani na kuvaa viatu. Kwa kijana wa wakati ule hapo ndipo pa kutulia, uoe, ujenge nyumba ya mabati, uheshimiwe kijijini. Angetulia hivyo, hakuna ambaye angemlaumu.

Lakini mambo ya nchi hayakumpa nafasi ya kutulia. Vita Vikuu vya Kwanza vilikuwa vimekwisha mwaka wa 1918, na Waafrika waliopelekwa vitani kubeba mizigo walikuwa wamekufa kwa maelfu. Waliorudi hawakupata shukrani yoyote. Mwaka wa 1919 Gavana Edward Northey alitoa waraka uliowataka maofisa na machifu kuwahimiza watu kwenda kufanya kazi katika mashamba ya wazungu, na sote tunajua chifu wa mkoloni alivyohimiza: kwa kiboko. Wanawake na wasichana pia walikokotwa kwenda kuchuma kahawa. Mwaka wa 1920 nchi ikatangazwa kuwa koloni. Kodi ikapandishwa mpaka shilingi 16. Kipande nacho kikaanza kutumika kila mahali. Mwanamume alitiwa alama za vidole, akaandikwa jina na mwajiri wake, karatasi ikawekwa ndani ya kikopo cha chuma, kikopo kikaning'inizwa shingoni. Wazee husema kilikuwa kama kengele ya mbuzi. Juu ya hayo yote, mwaka wa 1921 masetla waliamua kupunguza mshahara wa Mwafrika kwa theluthi moja, eti biashara ni mbaya. Kodi inapanda, mshahara unashuka. Mtu atoe wapi?

Ndipo karani huyu wa simu alipoamka. Mwezi wa Juni 1921, yeye na wenzake walianzisha chama cha vijana wa Kikuyu, Young Kikuyu Association. Chama cha machifu na wazee kilikuwapo tayari, lakini hicho kilikuwa cha kunong'ona na kuinama. Mwezi uliofuata Thuku akaona kwamba hata jina la kabila moja halitoshi, kwa sababu kipande hakikuuliza kabila. Chama kikabadilishwa kikawa East African Association. Mjaluo angeweza kuingia, Mkamba angeweza kuingia, na hata Waganda waliokuwa wakifanya kazi Nairobi walikuwamo. Marafiki wengine walikuwa Wahindi, hasa mhariri M. A. Desai, aliyekuwa na mtambo wa kuchapisha gazeti la East African Chronicle.

Hapa wanachama wa Kiswahili tuketi vizuri. Thuku alikuwa na karatasi yake ya habari iliyoitwa Tangazo, na iliandikwa kwa Kiswahili! Ilikuwa mwaka wa 1921, miaka zaidi ya 40 kabla ya uhuru. Wale wenzetu wanaodai kwamba Kiswahili ni lugha ya sokoni na ya makanga tu, wawaambie hivyo watu wa Pangani ya zamani waliokuwa wakisomeana karatasi hiyo. Kijana aliyekuwa akipanga herufi za masetla sasa alikuwa na herufi zake mwenyewe.

Mwezi huohuo wa Julai 1921 alifanya jambo lililowashtua wakubwa. Badala ya kupeleka malalamiko kwa chifu, chifu apeleke kwa D.C., D.C. aweke kwenye droo, Thuku alipeleka simu ya maandishi moja kwa moja hadi London. Ilitaja kodi, kipande na kazi za lazima, na pia ikasema kwamba Wahindi ni marafiki wa Waafrika. Machifu walikasirika, maana walirukwa. Wamishenari wengi walikasirika pia, na serikali ndiyo usiseme. Haikupita muda mrefu Thuku akajikuta nje ya kazi yake ya Hazina. Sasa hakuwa na mshahara, lakini alikuwa na umati. Mapema mwaka wa 1922 alikuwa akizunguka Murang'a na Kiambu, na kila alipofika watu walifurika. Aliwaambia wanawake wasikubali kwenda kufanya kazi za lazima, na iliripotiwa kwamba alitaka vipande vikusanywe vikamwagwe mbele ya nyumba ya Gavana.

Tarehe 14 Machi 1922 alikamatwa.

Siku nne kabla ya hapo, yaani tarehe 10 Machi, Waingereza walikuwa wamemkamata Mahatma Gandhi kule India. Sisemi kwamba amri ilikuwa moja. Lakini ukitazama kalenda utaona kwamba mwezi ule dola ya Uingereza ilikuwa imechoka kusikiliza. Tofauti ni kwamba Gandhi alifikishwa mbele ya hakimu na kuhukumiwa kifungo cha miaka sita. Thuku hakushtakiwa mahali popote.

Alifungiwa kwenye kambi ya polisi, mahali pale pale kilipo kituo cha Central, mkabala na Norfolk. Habari zikaenea mitaani usiku huo. Kesho yake watumishi wa nyumbani, madereva na makarani wengi waliacha kazi. Masetla wakaamka wakakuta hakuna chai. Tarehe 16 asubuhi umati ulikuwa umefika watu elfu saba au nane, wamekaa na kusimama nje ya kambi, bila silaha, wakitaka mtu wao atolewe. Ujumbe wa watu sita uliingia kwenda kuonana na Charles Bowring, aliyekuwa mkuu wa ofisi ya serikali. Bowring akawaambia watawanyike, kwamba serikali itaamua. Wajumbe wakarudi na jibu hilo, na baadhi ya wanaume wakaanza kuondoka polepole, mmoja mmoja, vichwa vimeinama.

Hapo akatokea Mary Muthoni Nyanjiru. Alikuwa mwanamke wa kutoka Weithaga, Murang'a, aliyekuwa akiishi hapa Nairobi. Alipoona wanaume wanageuka alisimama mbele yao, akainua nguo yake juu, na akawataka wachukue gauni lake wavae, nao wampe suruali zao, maana hakuona faida yao kuzivaa. Kwa mila za Wakikuyu hilo ni tusi zito kupita yote, tena laana, na mwanamke halitoi ila mambo yamefika shingoni. Wanawake wengine wakapiga vigelegele. Umati ukageuka na kusonga mbele kuelekea lango la kambi, mpaka ncha za bunduki.

Polisi wakafyatua risasi. Nyanjiru alikuwa miongoni mwa waliotangulia kuanguka.

Na wazungu waliokuwa kwenye veranda ya Norfolk? Masimulizi mengi yanakubaliana kwamba nao walishika bunduki wakasaidia kupiga, na kwamba baadhi ya waliouawa walipigwa mgongoni wakikimbia. Serikali ilitaja watu 21 waliokufa. Wengine walihesabu 25 na zaidi. Kuna walioenda kutazama maiti wakasema ni zaidi ya 50. Sitaki kubishana juu ya idadi. Ninachotaka msomaji akione ni ile veranda. Mtu amekaa kwenye kiti chake kizuri, glasi iko mezani, anainua bunduki, anampiga mtu asiyemjua mgongoni. Kisha, nadhani, alikaa tena.

Nimesikia watu wakisema jina la Nyanjiru ndilo lingefaa kuandikwa kwenye kile kibao, kwani yeye ndiye aliyekufa na Thuku alikuwa ndani. Mimi sijawahi kuona jina lake kwenye kibao chochote sehemu zile, na hoja hiyo siikatai. Ila Thuku hakuchagua kuwa ndani.

Chama kilipigwa marufuku. Huko Marekani, Marcus Garvey, kiongozi wa watu weusi, aliposikia habari alimpelekea Waziri Mkuu wa Uingereza simu ya kulalamika. Haikusaidia. Thuku alipelekwa Kismayu, ambayo wakati huo ilikuwa bado sehemu ya Kenya. Waitalia walikabidhiwa eneo hilo la Jubaland mwaka wa 1925. Baadaye alihamishwa na kuwekwa Lamu, Witu, na hatimaye Marsabit. Alipoondolewa Nairobi alikuwa na umri wa miaka 27. Aliporuhusiwa kurudi kwao Kiambu, mwanzoni mwa mwaka wa 1931, alikuwa anakaribia 36. Karibu miaka tisa bila kesi, bila hakimu, bila tarehe ya kutoka. Mfungwa wa kawaida huchora mistari ukutani akihesabu siku zilizobaki. Yeye angehesabu nini?

Norfolk yenyewe haikuathirika. Mwaka wa 1927, wakati Thuku yuko uhamishoni, ilinunuliwa na Abraham Block, Myahudi kutoka Lithuania aliyekuja Kenya mwaka wa 1903 akiwa hana kitu cha kutajika na ambaye jamaa yake ilikuja kuwa na mahoteli mengi nchini. Huyo naye ana hadithi yake, tumwachie mwandishi mwingine. Watu waliendelea kula na kulala. Hoteli hiyo ilikuja kuona damu tena tarehe 31 Desemba 1980, wageni walipokuwa wakiuaga mwaka, bomu lilipolipuka na kuua watu zaidi ya kumi na kujeruhi wengi.

Sasa tufike kule ambako mwalimu hufuta ubao.

Thuku aliporudi, watu walimpokea kama mfalme. Mwaka wa 1932 alichaguliwa kuwa rais wa Kikuyu Central Association, KCA, chama kilichorithi moto wa kile cha kwanza. Lakini aliyerudi hakuwa yule aliyeondoka. Vijana wa KCA walitaka kusukuma mambo; yeye alitaka sheria ifuatwe na serikali isichokozwe. Pia kulikuwa na mizozo ya uongozi, kama kawaida ya vyama. Haikudumu. Mwaka wa 1935 akajitoa na kuanzisha chama kingine, Kikuyu Provincial Association, ambacho wanachama wake waliahidi utiifu kwa mfalme wa Uingereza na kutofanya lolote lililo nje ya sheria. Ndiyo, msomaji. Mtu aliyetaka vipande vimwagwe kwa Gavana sasa alikuwa anaahidi utiifu kwa mfalme.

Hata hivyo usimtupe haraka. Mwezi wa Oktoba 1944, Eliud Mathu alipokuwa ndiye Mwafrika wa kwanza kuingia Baraza la Kutunga Sheria, kiliundwa chama cha nchi nzima cha kumwunga mkono, ambacho tunakijua kama KAU. Mwenyekiti wa kwanza alikuwa nani? Harry Thuku. Mwaka uliofuata James Gichuru alishika kiti, na mwaka wa 1947 Jomo Kenyatta akawa rais wa chama. Mimi huona watu wanaliruka jambo hili, kwa sababu haliingii vizuri katika hadithi ya shujaa wala katika hadithi ya msaliti.

Kisha ikaja mwaka wa 1952. Hali ya hatari ilitangazwa tarehe 20 Oktoba. Kenyatta na wenzake wakakamatwa, na vijana wakaingia msituni. Mwezi wa Desemba mwaka huo Thuku alizungumza redioni akiwalaani Mau Mau, akisema kwamba Wakikuyu wameingiwa na aibu kwa sababu yao. Mwezi wa Januari 1954 aliungana na wazee wengine kutoa wito kama huo. Wakati huo maelfu walikuwa kizuizini bila kesi, kama alivyokuwa yeye. Hapa ndipo penye uchungu wenyewe, na hakuna haja ya kupapaka sukari. Kama kuna mtu katika Kenya nzima aliyejua maana ya kuchukuliwa usiku na kupelekwa mbali bila kuambiwa kosa lako, ni yeye. Sauti yake ilikuwa na uzito ambao sauti ya chifu yeyote haikuwa nao, na serikali ilijua hivyo, ndiyo maana ilimpa kipaza sauti.

Kwa nini alifanya hivyo? Wapo wanaosema alinunuliwa. Mimi siamini, kwa sababu alikuwa ameishika njia hiyo tangu 1935, miaka 17 kabla ya Mau Mau, wakati hakukuwa na wa kumnunua kwa bei kubwa. Wengine husema ni woga. Labda. Lakini nadhani ipo sababu nyingine ambayo sisi wanafunzi huisahau. Tunapozungumza juu ya tarehe 16 Machi tunahesabu maiti kama mtu anayejibu swali la mtihani. Yeye alikuwa ndani ya kambi, hatua chache kutoka langoni, na watu wale walikuwa wamekuja kwa ajili ya jina lake. Mtu akishabebeshwa vifo vya namna hiyo anaweza kuapa kwamba kamwe hataita umati tena. Naweza kumwelewa hivyo na bado nikasema kwamba ile redio alikosea. Waliokuwa msituni nao walikuwa wamebeba maiti zao, na wengi wao walikuwa watoto wa wale waliosimama nje ya kambi wakimngoja yeye.

Maisha yake ya mwisho yalikuwa shambani, Kabete na Kambui zikiwa ndiyo dunia yake. Alikuwa mkulima hodari. Kwa miaka mingi wakoloni hawakumruhusu Mkikuyu kulima kahawa, kwa kuwa masetla waliogopa ushindani na pia waliogopa kukosa vibarua; mtu mwenye kahawa yake hawezi kuja kuchuma yako kwa senti chache. Mlango ulipofunguliwa, Thuku alikuwa miongoni mwa Waafrika wa kwanza kuingia. Mwaka wa 1959 alikuwa Mwafrika wa kwanza kukaa katika bodi ya Kenya Planters Coffee Union, chama cha wakulima wa kahawa. Kumbuka ni kahawa hiyohiyo ambayo mwaka wa 1921 aliwaambia wanawake wasikubali kukokotwa kwenda kuichuma. Sasa alikuwa mezani na wenye mashamba, akizungumzia bei. Katika chama chetu kuna aliyesema hilo ni kujiunga na mabwana. Mwingine akasema hapana, hicho ndicho alichokuwa akipigania tangu mwanzo, Mwafrika auze jasho lake mwenyewe. Mimi niko na huyu wa pili, ingawa huyo wa kwanza alipigiwa makofi zaidi.

Uhuru ulimkuta hai mwaka wa 1963. Hakupewa uwaziri, wala sijasoma popote kwamba aliutafuta. Alifariki tarehe 14 Juni 1970, akiwa na umri wa miaka 75 hivi. Mwaka huohuo kitabu cha maisha yake, alichokisimulia mwenyewe kwa msaada wa mwanahistoria Kenneth King, kilichapishwa Nairobi na Oxford University Press. Habari za Nyanjiru na suruali za wanaume alizipata, kama sisi, kutoka kwa waliokuwa nje ya lango asubuhi ile.